Kagame na shule ya ujasusi ya Luwero: somo kwa Congo

Kabla ya kuwa rais wa Rwanda, Paul Kagame alikuwa afisa wa ujasusi wa kijeshi katika nchi ya ugenini, Uganda. Kazi hiyo aliianza wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya 1981 hadi 1986, na inasaidia kuelewa mengi yanayowapata wakaaji wa Kivu leo.

Tarehe 6 mwezi wa pili 1981, Yoweri Museveni alishambulia kambi ya jeshi ya Kabamba na kundi dogo lenye bunduki 27 tu. Ndani yake walikuwemo wakimbizi wawili wa Rwanda: Fred Rwigema na Kagame. Rwigema alipata sifa kama kamanda wa mapigano, huku Kagame akielekezwa kwenye upelelezi. Waasi wa NRA walikuwa na silaha chache. Kule Luwero, kujua mapema adui anapita wapi na nani anaweza kuaminiwa ndiko kulikowaokoa. Waliiteka Kampala mwezi wa kwanza 1986.

Baada ya ushindi, Kagame alipanda hadi ngazi za juu za upelelezi wa jeshi la Uganda. Wakati huo huo, wakimbizi wenzake waliunda chama cha RPF mwaka 1987. Ofisi iliyopaswa kugundua mpango wa kuivamia Rwanda ilikuwa na watu wa mpango huo ndani yake. Vita vilipoanza tarehe 1 mwezi wa kumi 1990, Kagame alikuwa masomoni Kansas, Marekani. Rwigema aliuawa siku ya pili, na Kagame akarudi kushika uongozi. Waasi wake waliingia Kigali mwezi wa saba 1994, wakati mauaji ya kimbari yalikuwa yameshaangamiza mamia ya maelfu ya Watutsi.

Congo iliijua shule hiyo mwaka 1996. Vita vya AFDL vilipoanza, Kigali ilikana kuhusika. Mwezi wa saba 1997, Mobutu akiwa ameshaondoka, Kagame mwenyewe alikiri katika mahojiano na gazeti la Marekani kwamba Rwanda ndiyo iliyopanga na kuongoza vita hivyo. Afisa wake, James Kabarebe, alifikia hata kuwa mkuu wa majeshi ya Congo. Alipofukuzwa mwaka 1998, alirudi kwa vita: mwezi wa nane alisafirisha askari kwa ndege kutoka Goma hadi Kitona, upande wa pili wa nchi.

Kigali imekana mara nyingi kuunga mkono M23 na kusema inachukua hatua za kujilinda dhidi ya FDLR. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliandika mwaka 2024 kwamba askari wa Rwanda kati ya 3,000 na 4,000 walikuwa Kivu ya Kaskazini.

Ndiyo maana mkataba uliosainiwa Washington tarehe 27 mwezi wa sita 2025 hauwezi kupimwa kwa matamko. Kipimo chake ni uchunguzi wa uwanjani: nani ameondoka, kwa njia gani, na nani amebaki. Kinshasa nayo ina deni lake. Nchi iliyomkabidhi afisa wa jirani uongozi wa jeshi lake haiwezi kutupa lawama zote ng'ambo ya mpaka. Bila upelelezi wake wenyewe, itaendelea kupata habari za vita pale miji inapoanguka.