Joseph Beuys na Tatizo la Istilahi

Kumwita Joseph Beuys (1921–1986) mchongaji tu hakutoshelezi. Alifundisha uchongaji Düsseldorf, Ujerumani, tangu 1961, akaachishwa kazi mwaka 1972 kwa kuwapokea wanafunzi waliokataliwa. Mwaka 1982, mjini Kassel, alianzisha upandaji wa mialoni 7,000, kila mmoja na jiwe la basalti kando yake. Kazi ilikamilika 1987, yeye akiwa amekwisha fariki. Je, hili ni tendo, sanamu, au somo?

Kwa maoni yetu, ni yote matatu. Hivyo tusiharakie kuunda istilahi tatu za kuyatenganisha. Tunalo neno 'onyesho', litokanalo na kitenzi 'onyesha': kudhihirisha, na pia kuelekeza. Mwanafunzi atakayeitafiti mialoni hiyo kama sanamu tu atakuwa amepotoshwa na msamiati wetu, si na msanii.