Tuhesabu Gharama Kabla ya Kutia Sahihi



Magomeni ni mtaa unaojua thamani ya nyumba. Wazee wetu walijenga hapa nyumba za vyumba sita vilivyotazamana ukumbini, wakaishi katika chumba kimoja au viwili na kupangisha vilivyobaki, na kodi hiyo ikasomesha watoto na kuuguza wagonjwa. Baada ya Uhuru, Shirika la Nyumba la Taifa, lililoanzishwa mwaka 1962, liliondoa vibanda vya udongo na makuti katika sehemu za mtaa huu na kujenga nyumba za kudumu. Mwezi Machi 2022 yalizinduliwa majengo mapya ya Magomeni Kota, yaliyokusudiwa kaya 644 za wakazi wa kota za zamani, na tangu hapo habari za mpangaji-mnunuzi zimekuwa mazungumzo ya kawaida vibarazani. Aidha, mabenki yanatangaza mikopo ya nyumba kwa watumishi na wafanyabiashara. Kwa hiyo yatupasa tuzungumze waziwazi juu ya jambo ambalo matangazo hayo hulitaja kwa sauti ndogo, nalo ni gharama kamili ya nyumba inayonunuliwa kwa deni la miaka mingi.

Mtu anapokwenda kukopa, swali lake la kwanza huwa ni hili: kila mwezi nitakatwa kiasi gani? Akiona kwamba mshahara unatosha, hutia sahihi. Swali linalosahaulika ni la pili: mpaka siku ya mwisho, nitakuwa nimetoa kiasi gani kwa jumla? Swali la kwanza hupima kama mtu ataumudu mwezi huu. La pili humwonyesha bei halisi ya nyumba.

Tutazame kwanza tulikotoka. Mapema katika miaka ya 1970 Serikali ilianzisha Benki ya Nyumba Tanzania ili kuwakopesha wananchi fedha za kujengea. Wapo waliofaidika, lakini madeni mengi hayakurudishwa, na mwaka 1995 benki hiyo ikafungwa. Baada ya hapo, kwa zaidi ya miaka kumi, mwananchi wa kawaida hakuwa na mahali pa kupata mkopo wa muda mrefu wa nyumba. Alijenga kidogo kidogo, tofali kwa tofali, kama ambavyo wengi wetu tunavyojenga hadi leo. Mwaka 2008 Bunge lilipitisha sheria mahususi ya mikopo ya nyumba, pamoja na sheria inayomwezesha mtu kumiliki sehemu ya jengo, yaani nyumba moja ndani ya ghorofa. Mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya kuyapatia mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo hiyo. Pamoja na jitihada hizo, mikopo yote ya nyumba nchini bado haijafikia hata asilimia 1 ya pato la taifa.

Sababu mojawapo ni riba. Kwa miaka ya karibuni riba ya mikopo ya nyumba nchini imekuwa kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Benki hupokea fedha za wateja ambao wanaweza kuzichukua kesho au baada ya miezi michache, kisha hutakiwa kuzikopesha kwa miaka 20. Hatari hiyo huitoza bei, na mlipaji wa bei hiyo ni mkopaji.

Tupige hesabu. Tuseme baba na mama wa familia moja wanakopa Sh. 50,000,000 kwa riba ya asilimia 17, kwa miaka 20. Rejesho la kila mwezi litakuwa Sh. 733,400 hivi. Zidisha kwa miezi 240: jumla ni Sh. 176,000,000. Wamekopa milioni 50 na watarudisha milioni 176. Nyumba moja wamejinunulia, na thamani ya nyumba mbili na nusu wamelipa kama riba.

Kwa nini inakuwa hivyo? Riba huhesabiwa kila mwezi juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni ni kubwa. Katika rejesho lao la kwanza, takriban Sh. 708,300 ni riba, na deni lenyewe hupungua kwa Sh. 25,000 tu. Baada ya miaka kumi kamili watakuwa wametoa milioni 88, fedha inayozidi kwa mbali kile walichokopa. Hata hivyo, wakiuliza benki wanadaiwa kiasi gani, wataambiwa bado ni milioni 42 na kidogo. Hakuna aliyewaibia. Ndivyo hesabu ilivyo tangu siku ya kwanza, ila hawakuonyeshwa, au walionyeshwa bila kuelezwa. Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Katika mkopo wa nyumba, harusi ni ya siku moja na matanga ni ya miaka ishirini.

Sasa tazameni nguvu ya muda. Familia hiyohiyo ikikopa kiasi kilekile kwa riba ileile, lakini kwa miaka 10, rejesho la mwezi litakuwa Sh. 869,000. Ni ongezeko la Sh. 135,600 kwa mwezi. Jumla ya malipo yote itakuwa milioni 104 badala ya 176. Wameokoa zaidi ya milioni 71. Na kama hawawezi kupunguza muda kiasi hicho, lakini mkataba unawaruhusu kulipa zaidi bila adhabu, Sh. 100,000 za ziada kila mwezi tangu mwanzo zitamaliza deni la miaka 20 kwa miaka 11 na miezi michache, na kuokoa milioni 63 hivi. Haba na haba hujaza kibaba. Na katika deni, haba na haba hukitoboa kibaba cha riba.

Nguvu ya kiwango cha riba nayo si ndogo. Mkopo uleule wa milioni 50 kwa miaka 20 utagharimu jumla ya milioni 158 kwa riba ya asilimia 15, na milioni 194 kwa asilimia 19. Tofauti ya asilimia nne, ambayo masikioni ni kitu kidogo, ni milioni 36. Kwa hiyo anayekwenda benki moja tu na kukubali jibu la kwanza huenda anapoteza gharama ya kiwanja.

Upo mtego mwingine, hasa katika mikopo midogo ya kumalizia ujenzi. Baadhi ya wakopeshaji huhesabu riba juu ya kiasi chote kilichokopwa tangu mwanzo hadi mwisho, hata pale ambapo sehemu kubwa ya deni imekwisha kulipwa. Mtu anakopa milioni 10 kwa miaka mitatu na kuambiwa riba ni asilimia 12 kwa mwaka. Atalipa riba ya milioni 3.6. Ukiipima kwa njia ya deni linalopungua, riba yake ya kweli ni zaidi ya asilimia 21. Hivyo asilimia 12 ya huyu inaweza kuwa ghali kuliko asilimia 17 ya yule. Tusilinganishe asilimia bila kuuliza zinahesabiwa juu ya nini.

Zaidi ya riba kuna ada ya kuandaa mkopo, malipo ya mthamini na ya mwanasheria, gharama za kusajili rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba yenyewe. Baada ya kuhamia kuna kodi ya majengo, kodi ya pango la ardhi, na matengenezo. Kwa mwenye nyumba ndani ya ghorofa, kuna michango ya usafi, maji, ulinzi na lifti. Haya yote ni sehemu ya bei.

Je, tunasema watu wasikope? La hasha. Anayepanga nyumba ya Sh. 300,000 kwa mwezi hutoa milioni 72 katika miaka 20, hata kama kodi haitapanda, na mwisho hana kitu. Anayejenga kidogo kidogo halipi riba, lakini mara nyingi hulipa kodi kwa miaka yote ya ujenzi, huku nondo zikiota kutu na bei ya saruji ikipanda. Aidha, thamani ya shilingi hupungua, na rejesho linaloumiza leo laweza kuwa jepesi baada ya miaka 15 iwapo mshahara utaongezeka. Hata hivyo, mfumuko wa bei nchini kwa miaka ya karibuni umekuwa kati ya asilimia 3 na 5, nao hauwezi kuifuta riba ya asilimia 17. Kila njia ina gharama yake. Tunachodai ni kwamba kila familia izijue gharama hizo kabla ya kuchagua njia.

Lipo jambo jingine linalotugusa zaidi sisi tunaoishi hatua chache kutoka Kariakoo. Wengi hawaweki nyumba rehani ili wanunue nyumba. Huweka nyumba iliyokwisha jengwa, pengine ya urithi, ili wapate mtaji wa duka. Moto ulipoteketeza Soko Kuu la Kariakoo usiku wa tarehe 10 Julai 2021, bidhaa za wafanyabiashara wengi ziliungua. Mali huungua, lakini deni haliungui. Mwenye kuweka nyumba ya familia mikononi mwa biashara ajue kwamba anawaweka pamoja nayo mama mzee aliye chumba cha nyuma, na wadogo zake ambao hawakuulizwa.

Hapa sheria imeweka kinga ambazo waamini hatuna budi kuzifahamu. Chini ya Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, nyumba ya ndoa haiwekwi rehani kihalali bila ridhaa ya mwenzi. Mume anayeficha kwamba ana mke, au mke anayeletewa karatasi atie sahihi bila kusomewa, wote wanaivunja misingi ya haki ndani ya nyumba yao wenyewe. Mkopaji akishindwa kulipa, mkopeshaji hana budi kumpa notisi ya siku 60 kabla ya kuchukua hatua. Siku hizo ni za kwenda benki na kuomba mpango mpya wa malipo. Si za kujificha, wala za kukopa kwa wale wanaoitwa kausha damu ili kuziba pengo. Hata mkopeshaji mdogo mwenye leseni anaruhusiwa kutoza hadi asilimia 3.5 kwa mwezi, ambayo ni asilimia 42 kwa mwaka. Kuzima deni la asilimia 17 kwa deni la asilimia 42 ni kuzima moto kwa mafuta ya taa.

Wenye wajibu si wakopaji peke yao. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kuwalinda watumiaji wa huduma za fedha zinawataka watoa huduma waeleze masharti na gharama kwa uwazi. Uwazi haupatikani kwa kumpa mtu kurasa nyingi za Kiingereza na kumwonyesha mahali pa sahihi. Tunatoa wito kwa kila mkopeshaji aandike kwa Kiswahili, katika ukurasa wa kwanza, mambo matatu: jumla ya fedha zote zitakazolipwa, deni litakalobaki kila mwisho wa mwaka, na kama riba yaweza kubadilika. Tujifunze pia kwa majirani zetu Waislamu. Katika benki zinazofuata misingi ya dini yao, kama Amana iliyofunguliwa mwaka 2011, mojawapo ya njia ni benki kununua mali na kumwuzia mteja kwa bei iliyotajwa pamoja na faida. Bei hiyo si lazima iwe nafuu, lakini mnunuzi huijua jumla tangu siku ya kwanza. Haki hiyo ya kujua ni ya kila mtu.

Wengi wetu tunaukumbuka mfano wa mjenzi wa mnara katika Injili ya Luka. Aibu yake haikutokana na umaskini, bali na kutopiga hesabu kabla ya kuweka msingi. Katika kila Jumuiya yumo mwalimu, karani au kijana anayejua hesabu hizi. Asiachwe akae kimya. Mtu anayetaka kukopa na aje na karatasi zake, zisomwe kwa siri na kwa heshima, mume na mke wakiwa wameketi pamoja, kabla ya sahihi na si baada ya dalali kugonga mlango.

Maswali ya kujadili katika Jumuiya:

1. Je, katika Jumuiya yetu yupo aliyewahi kuambiwa jumla ya malipo yake yote kabla ya kukopa? Aliambiwaje?

2. Mkopo ukimalizika mkopaji atakuwa na umri gani, na kipato chake wakati huo kitatoka wapi?

3. Kama nyumba inayowekwa rehani ni ya familia, ni nani hajaulizwa?

4. Tufanye nini ili mjane au mgonjwa aliyepokea notisi ya benki asibaki peke yake katika zile siku 60?