Uraia ni Jambo la Mfanya Kazi



Kwa sheria ya Waingereza ya 1948, mzaliwa wa Koloni ya Kenya alikuwa raia wa Uingereza na makoloni yake. Mzaliwa wa pwani hii, milki ya Sultani wa Unguja, alikuwa mtu wa himaya tu. Siku ya Uhuru, 12 Desemba 1963, mzaliwa wa Kenya mwenye mzazi mzaliwa wa Kenya aliupata uraia papo hapo. Wengine walipewa miaka 2 wajiandikishe.

Wapemba wengi, wavuvi wenzetu wa Watamu, walibaki nje mpaka Serikali ilipowatambua Julai 2023.

Asiye na kitambulisho hukubali ujira wowote autoao tajiri, na hapo ujira wetu sote hushuka. Basi, mwenzako asiye na karatasi msindikize akajiandikishe. Haki yake ni ngao yako.