Chuma Usichokijua Usikiokote

Katika ukurasa huu wa bwana shamba tumezoea kuzungumza juu ya mbegu, mbolea na mifugo. Mwezi huu tutazungumza juu ya ugonjwa. Ugonjwa huu hauletwi na mbu, wala maji machafu. Huletwa na mionzi mikali. Ni ugonjwa wa nadra. Watu wengi wataishi maisha yao yote bila kuuona. Lakini umewahi kuwapata wakata kuni na wauzaji wa vyuma chakavu, watu wa kawaida kama sisi. Waliokota kitu wasichokijua. Ndiyo maana inatupasa kuujua.

Wakata kuni watatu

Georgia ni nchi ndogo iliyo kati ya Urusi na Uturuki. Huko kuna kijiji kiitwacho Lia. Mwezi wa Desemba mwaka 2001, wanaume watatu wa kijiji hicho walikwenda msituni kutafuta kuni. Ulikuwa wakati wa baridi kali. Ardhi ilifunikwa na theluji, kama ile ya kilele cha Kilimanjaro.

Jioni waliona vyuma viwili vimelala chini. Vilikuwa vidogo, lakini vizito. Mahali vilipolala, theluji ilikuwa imeyeyuka. Mmoja wao aliokota chuma kimoja, akakitupa upesi, maana kilikuwa cha moto. Hapakuwa na kuni zinazowaka wala makaa mahali pale.

Watu wale walistaajabu, lakini pia walifurahi. Usiku ulikuwa unaingia, nao walikuwa wanalala msituni. Walivichukua vile vyuma, wakaviweka karibu nao, wakaota joto lake. Saa chache tu baadaye wote watatu waliumwa kichwa, wakasikia kizunguzungu, wakaanza kutapika.

Waliporudi nyumbani, mmoja wao alikwenda kwa mganga. Hakusema habari za vile vyuma. Mganga alidhani amelewa. Alipewa dawa, akapata nafuu.

Nafuu ile haikudumu. Baada ya siku kadhaa ngozi ya migongo ilianza kuwaka na kubanduka. Wawili kati yao walipata vidonda vikubwa sana. Walitibiwa kwao, kisha wakapelekwa nchi za nje, mmoja Ufaransa na mwingine Urusi. Mmoja alifariki dunia mwezi wa Mei mwaka 2004, baada ya kuugua zaidi ya miaka miwili.

Vyuma vile vilitoka katika mitambo ya umeme ya zamani iliyotengenezwa na Muungano wa Kisovieti. Ndani yake mlikuwa na kitu kiitwacho strontiamu 90, kinachotoa joto pamoja na mionzi mikali. Mwezi wa Februari mwaka 2002 wataalamu walikwenda kuvitoa msituni. Kila mmoja aliruhusiwa kukaa karibu navyo kwa sekunde 40 tu. Wakata kuni walikaa navyo usiku mzima.

Mionzi huumiza namna gani?

Mionzi mikali haionekani kwa macho. Haina harufu, haina ladha, haina sauti. Dawa ya kunyunyizia pamba utaisikia harufu yake, nawe utajihadhari. Mionzi itakupita mwilini, nawe husikii kitu.

Ndani ya mifupa yetu mna uboho. Uboho ndio unaotengeneza damu. Kila siku sehemu za damu zilizochakaa hufa, na uboho huleta mpya. Kuta za matumbo nazo hujengwa upya kila baada ya siku chache. Mionzi mikali huharibu kwanza sehemu hizi zinazozaliwa upesi.

Fikirini juu ya kitalu cha miche. Moto umeunguza kitalu, lakini miti iliyoko shambani bado imesimama. Mtu akipita barabarani atasema, "Shamba hili halina neno." Subirini. Miti ya zamani itakapokufa, mwenye shamba atakwenda kitaluni kutafuta miche, naye atakuta majivu. Hapo ndipo hasara itakapoonekana.

Ndivyo ilivyo kwa mtu aliyepigwa na mionzi. Damu ya zamani bado inazunguka mwilini, kwa hiyo anaonekana mzima. Kitalu chake kimekwisha kuungua.

Dalili zake

Ugonjwa huu huja kwa hatua.

Hatua ya kwanza huanza baada ya saa chache. Mgonjwa husikia kichefuchefu, hutapika, huumwa kichwa na kuchoka sana. Pengine huharisha na kupata homa. Kadiri anavyowahi kutapika, ndivyo mionzi aliyoipata ilivyo mingi. Anayeanza kutapika kabla ya saa 1 kupita yumo katika hatari kubwa.

Hatua ya pili ni nafuu. Kutapika huacha. Mgonjwa hula, hutembea, pengine hurudi shambani. Nafuu hii huweza kudumu siku chache, au wiki 2 au 3. Hii ni nafuu ya uongo. Wengi huacha kutafuta matibabu wakati huu.

Hatua ya tatu ni ugonjwa wenyewe. Nywele hunyonyoka. Kinywa hufanya vidonda. Damu hutoka kwenye fizi na puani, kwa sababu damu imekosa kile kinachoigandisha. Homa hupanda, kwa sababu mwili umekosa askari wa kupigana na vijidudu. Aliyepata mionzi mingi zaidi huharisha sana, hata damu. Mahali palipogusana na chuma, ngozi huwa nyekundu, hutoa malengelenge, kisha vidonda visivyopona upesi.

Hatua ya mwisho ni kupona au kufa. Wanaopona huhitaji wiki nyingi, pengine miezi mingi. Miaka ya baadaye huwa na hatari zaidi ya kupata saratani kuliko watu wengine.

Madaktari hupima mionzi iliyoingia mwilini kwa kipimo kiitwacho grei. Mtu aliyepata grei 1 mwili mzima, kwa muda mfupi, huweza kuugua. Watu waliopata karibu grei 4, wasipotibiwa, nusu yao hivi hufa. Lakini msiogope picha za eksirei hospitalini. Picha moja ya kifua haifikishi hata sehemu moja ya elfu ya grei. Mganga akikuagiza upigwe picha, nenda.

Unga uliong'aa usiku

Kuna hatari nyingine. Kitu chenye mionzi kikiwa ndani ya chuma kilichofungwa, huumiza kwa mionzi yake tu. Kikipasuka na kutoa vumbi, huwafuata watu nyumbani.

Mwezi wa Septemba mwaka 1987, katika mji wa Goiânia nchini Brazili, vijana wawili waliingia katika jengo la hospitali lililoachwa. Walikuta mashine ya zamani ya kutibu saratani. Waling'oa sehemu yake, wakamwuzia mfanya biashara wa vyuma chakavu. Ndani ya chuma kile mlikuwa na unga wa seziamu 137. Usiku uling'aa kwa rangi ya buluu.

Mwenye duka alidhani amepata kitu cha thamani. Aliwaita jirani na ndugu waje kuona. Aliwagawia vipande vidogo kama punje za mchele. Wengine walijipaka mwilini. Mtoto wa kike wa miaka 6 aliuchezea, kisha akala chakula bila kunawa.

Watu wakaanza kutapika na kuharisha. Wengine walidhani ni chakula kibaya. Mke wa mwenye duka ndiye aliyetambua. Aliona kwamba watu wengi wameugua kwa pamoja, tena tangu kitu kile kilipoingia nyumbani. Alikitia katika mfuko, akapanda basi, akakipeleka kwa wakuu wa afya. Kesho yake wataalamu wakapima, na hatari ikajulikana.

Watu 4 walifariki mwezi wa Oktoba. Miongoni mwao walikuwa mama yule na mtoto yule. Watu wapatao 112,000 walipimwa, na 249 walikutwa na vumbi lile mwilini au katika vitu vyao. Mama yule hakuwa mtaalamu. Alitazama, akafikiri, akatoa taarifa. Asingefanya hivyo, vumbi lingezidi kuenea.

Siku ya kumzika mtoto yule, watu wengi walikuja makaburini kwa hasira na hofu. Walirusha mawe ili asizikwe pale. Jambo hilo linahuzunisha. Ugonjwa huu si kama kipindupindu. Mgonjwa hamwambukizi mwenzake. Vumbi tu, likiwa bado juu ya ngozi au nguo, au limo mwilini, huhitaji uangalifu wa wataalamu. Mtu aliyepigwa na mionzi kutoka nje, kama wale wakata kuni, hana hatari kwa mtu yeyote. Auguzwe kwa upendo.

Kuna matibabu?

Hakuna dawa ya kuondoa madhara yote ya mionzi. Lakini hospitali kubwa inaweza kumsaidia mgonjwa. Huongezewa damu na maji. Hupewa dawa za kuua vijidudu, na dawa za kuamsha uboho. Hulazwa mahali safi, peke yake, ili asipate maradhi mengine. Aliyemeza seziamu huweza kupewa dawa ya kuitoa tumboni. Kwa msaada huo wengi huweza kupona, ikiwa kitalu hakikuungua chote. Dawa za mitishamba na mapumziko ya nyumbani hayatoshi.

Tufanye nini?

Mitambo yenye mionzi hutumika kwa kazi njema katika hospitali, viwanda na ujenzi wa barabara. Hapa kwetu kazi hizo husimamiwa na Tume ya Nguvu za Atomu Tanzania. Mitambo hiyo ikitunzwa haina neno. Hatari ni ile iliyopotea, iliyoibwa au iliyoachwa.

1. Jifunze alama zake. Ya kwanza ni mapanga matatu meusi, kama ya feni, yaliyozunguka kitone, juu ya rangi ya njano. Ya pili ilitangazwa mwaka 2007. Ni pembe tatu nyekundu yenye mionzi, fuvu la kichwa na mtu anayekimbia. Ilichorwa ili hata asiyejua kusoma aelewe.

2. Ukiona chuma chenye alama hizo, au chuma chenye joto pasipo na moto, au unga unaong'aa gizani, usikiguse. Usikipasue, usikiuze, usikipeleke nyumbani.

3. Ondoka upesi, uende mbali. Ukisimama hatua 10 badala ya hatua 1, mionzi inayokufikia huwa sehemu moja ya mia tu. Wazuie watoto wasisogee.

4. Toa taarifa kwa mwenyekiti wa kijiji, polisi au zahanati. Eleza mahali kilipo. Usikibebe kwenda kukionyesha.

5. Ukishikwa na vumbi, vua nguo, zitie mfukoni na kuziweka mbali na watu. Oga kwa maji na sabuni bila kujikwaruza. Usile, usinywe wala kuvuta sigara kabla ya kunawa.

6. Ukitapika baada ya kushika kitu usichokijua, nenda hospitali siku hiyo hiyo, hata ukipata nafuu. Mwambie mganga ulishika nini, wapi, na kwa muda gani. Mganga hawezi kukisia usilomwambia.

Ndugu wasomaji, umaskini hutufanya tuokote kila chuma, maana chuma ni fedha. Kijana wa kijiji hulipwa kwa kilo, naye haulizi kilikotoka. Wazazi, mwambieni neno hili leo jioni: bei ya chuma chakavu haiwezi kununua uboho.

Maswali ya kuzungumza katika kundi lenu

1. Kwa nini mgonjwa wa mionzi huonekana amepona kabla hajazidiwa?
2. Mke wa mwenye duka kule Goiânia alitambuaje hatari?
3. Je, wanunuzi wa vyuma chakavu wanaopita kijijini kwenu wanazijua alama mbili tulizozitaja? Nani atawaonyesha?