Nguo ya Kuazima Haisitiri Maungo

Wako wenzetu ambao kila wasikiapo vita mahali huuliza, "Umoja wa Mataifa uko wapi?" Na wako wengine ambao wakisikia jina hilo husema ni baraza la wakubwa tu, halina faida kwa mnyonge. Sisi twasema wote wawili wamekosea. Twamwomba kila mwanachama alitazame jambo hili kwa makini, maana si la watu wa New York peke yao. Ni la jirani yetu Kongo, na damu ya vijana wetu imemwagika ndani yake.

Tuanze mwanzo. Kongo ilipata uhuru tarehe 30 Juni, 1960. Haikupita wiki moja, askari wakaasi. Haikupita wiki mbili, Wabelgiji wakaingiza majeshi yao bila ya ruhusa ya serikali, na Moise Tshombe akaikata Katanga, jimbo lenye shaba, akadai kuwa ni nchi mbali. Waziri Mkuu Patrice Lumumba na Rais Kasavubu wakauomba Umoja wa Mataifa msaada. Tarehe 14 Julai Baraza la Usalama likakubali kupeleka majeshi, ambayo baadaye yalikaribia askari 20,000.

Je, majeshi hayo yalifanya nini? Yalikataa kutumiwa kuirudisha Katanga. Mwezi Septemba, Kasavubu alipotangaza kumfukuza Lumumba, maofisa wa Umoja wa Mataifa walifunga viwanja vya ndege na stesheni ya redio ya Leopoldville. Lumumba akakosa njia ya kusema na watu wake, ilhali mpinzani wake aliweza kusema kwa redio ya Brazzaville, ng'ambo ya mto. Mwezi Desemba Lumumba akakamatwa, na tarehe 17 Januari, 1961 akauawa huko Katanga. Siku hiyo majeshi ya amani yalikuwamo nchini.

Baada ya kifo hicho, mwezi Februari, Baraza la Usalama liliruhusu majeshi yatumie nguvu, ikibidi, kuzuia vita vya wenyewe kwa wenyewe. Januari 1963 uasi wa Katanga ukakoma. Tusiwadhulumu wale waliojitoa: askari wa mataifa mengi walikufa Kongo, na Katibu Mkuu Dag Hammarskjöld mwenyewe alikufa kwa ajali ya ndege karibu na Ndola mwezi Septemba 1961, akienda kutafuta suluhu. Lakini somo liko wazi. Kofia za buluu zilikuwa zile zile na bunduki zile zile. Kilichobadilika ni amri.

Basi amri hutoka kwa nani? Baraza la Usalama lina wajumbe 15. Watano kati yao ni wa kudumu: Marekani, Urusi, China, Uingereza na Ufaransa. Mmoja wao akisema hapana, azimio limekufa, hata kama wengine wote wamesema ndiyo. Mwaka 1945, Umoja huo ulipoundwa na nchi 51, Afrika ilikuwa na nchi nne tu mle ndani. Leo Afrika ina nchi 54 kati ya 193, na haina hata kiti kimoja cha kudumu. Mwaka 2005 viongozi wa Afrika walikubaliana kudai viti viwili vya kudumu pamoja na kura ya turufu. Dai hilo bado linangoja. Nyumba yako inawaka, na ndoo ya maji iko mikononi mwa jirani ambaye lazima kwanza apige kura!

Wako watakaosema hayo ni ya zamani. Mwaka 2013 Baraza la Usalama liliruhusu kikosi cha askari wapatao 3,000 kutoka Tanzania, Afrika Kusini na Malawi kipigane na makundi ya waasi mashariki ya Kongo. Mwezi Novemba mwaka huo huo, kikosi hicho na jeshi la Kongo wakalishinda kundi la M23. Amri ilikuwa wazi, na waliotumwa walikuwa majirani wenye uchungu na jambo lenyewe. Lakini amani haikufuata. Desemba 2017 kambi yao huko Semuliki, wilaya ya Beni, ilishambuliwa, na askari wa Tanzania wasiopungua 14 wakauawa usiku mmoja. Mwezi Januari 2025 M23 wakaiteka Goma, na Februari wakaiteka Bukavu. Ndipo tarehe 21 Februari Baraza likapitisha azimio kwa sauti moja, likilitaka jeshi la Rwanda liache kuwasaidia waasi hao na liondoke Kongo. Miji ilikuwa imekwisha kwenda.

Hapa hatuna budi kujisema wenyewe. Si Baraza la Usalama lililofungua mipaka ipitishe bunduki na dhahabu. Si Baraza lililokula mishahara ya askari wa Kongo. Na Umoja wetu wa Afrika, ambao ungeweza kutangulia kufika, unategemea sana fedha za wageni kuendesha majeshi yake ya amani. Tutadaije kiti cha mbele, na ada ya uanachama hatulipi kwa wakati? Nguo ya kuazima haisitiri maungo. Siku mwenyewe akiitaka, hubaki uchi.

Lakini tusiitupe silaha kwa sababu ni nzito. Itazameni Namibia. Azimio namba 435 lilipitishwa mwaka 1978, likakaa miaka kumi na zaidi bila ya kutekelezwa. Wanamibia hawakuketi kulingoja. Walipigana, na Afrika ikawasaidia kwa kambi, kwa fedha na kwa kura. Mwaka 1989 Umoja wa Mataifa ukasimamia uchaguzi, na tarehe 21 Machi, 1990 bendera ya Namibia ikapanda. Azimio lilipata miguu kwa sababu watu walisimama.

Kwa hiyo twataka mambo matatu. Serikali za Afrika zishike neno moja juu ya viti vya Baraza la Usalama, bila ya mmoja kununuliwa pembeni. Kila serikali ilipe ada yake ya Umoja wa Afrika kwa ukamilifu. Na jirani anayechochea vita aambiwe wazi na majirani zake, mapema, kabla miji haijaanguka. Wanachama, yazungumzeni haya katika mikutano ya matawi, na waulizeni wabunge wenu wamefanya nini. Mama aliyempoteza mwanawe Semuliki ana haki ya kujibiwa.