Nyuma ya Kamera Alikuwepo Mke

Sisi wa Musoma, Bunda na Butiama tumezoea kuona magari ya watalii yakiingia Serengeti kwa lango la Ndabaka. Wengi wa wageni hao walivutwa na picha za nyumbu walizoziona katika televisheni huko kwao. Mwezi huu tumwangalie mama mmoja aliyechangia kutengeneza picha za namna hiyo, ingawa hakuwa yeye aliyeshika kamera.

Aliitwa Joan Root. Alizaliwa Nairobi mwaka 1936, na mwaka 1961 akaolewa na Alan Root, mpiga filamu za wanyama. Katika miaka ya 1970 walitengeneza filamu ya safari ya nyumbu, "The Year of the Wildebeest". Bwana alishika kamera, mama akashika mengine yote: kupanga safari, kutafuta chakula na mafuta, kuweka kambi, kuendesha gari, hata kulea watoto wa wanyama walioachwa yatima.

Wala haikuwa kazi ya kukaa kivulini. Katika chemchemi za Mzima, huko Tsavo, kiboko alimshambulia akiwa chini ya maji, jino likatoboa kinyago chake cha kuzamia. Siku nyingine alikaa mbele ya nyoka atemaye sumu, amevaa miwani tu, ili picha ipatikane.

Filamu yao ya mchwa ya mwaka 1978 ilipendekezwa kugombea tuzo ya Oscar huko Marekani. Jina lililoandikwa katika orodha lilikuwa la bwana. Baadaye ndoa ile ilivunjika. Joan akabaki Naivasha akitetea ziwa dhidi ya uvuvi haramu, mpaka alipouawa nyumbani kwake Januari 2006. Watu wengi walianza kulijua jina lake alipokwisha kufa.

Je, kwetu ni tofauti? Mtumbwi ni wa baba, lakini ni nani anayeanika dagaa, anayewageuza, anayewakimbiza ndani mvua ikitishia, na kukumbuka nani hajalipa? Shamba la mihogo linaitwa la baba, na mwenye sugu mikononi ni mama. Hatusemi haya ili tugombane na waume zetu. Wengi wao hawajui tu, kwa sababu kazi iliyokwisha kufanyika haionekani.

Sheria yetu inaiona. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani ya Tanzania, ikiifafanua Sheria ya Ndoa ya 1971, ilikubali kwamba kazi za nyumbani za mke ni mchango katika mali waliyochuma pamoja. Nazo sheria za ardhi za mwaka 1999 zinampa mwanamke haki sawa na mwanaume ya kumiliki ardhi. Lakini heri mambo haya yazungumzwe sebuleni kwa amani kuliko kusubiri kuyasikia mahakamani.

Basi tufanye hivi. Kwa wiki moja tuandike katika daftari kila kazi tunayofanya kwa ajili ya biashara au shamba la familia. Jioni ambayo baba ametulia, tumsomee. Kisha tumwombe jambo moja tu: majina mawili kwenye hati ya kiwanja au kwenye akaunti ya benki. Na watoto wawepo wakisikiliza.