MSIMLAUMU ALIYEIGIZA YAYA

Wahenga walinena kuwa mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Leo nataka kumpa haki yake mwigizaji mmoja wa Marekani aliyelaumiwa na wengi, naye ni Hattie McDaniel.

Mama huyu alizaliwa mwaka 1893 huko Wichita, jimbo la Kansas. Wazazi wake waliwahi kuwa watumwa. Mwaka 1931 alifika Los Angeles kutafuta kazi ya sinema. Kazi hiyo ilipokosekana, alipika na kutumika katika nyumba za watu. Na alipoipata, alipewa nini? Aigize mtumishi! Enzi hizo mwanamke mweusi huko Hollywood alipewa sinia abebe na mlango afungue, basi.

Mwaka 1939 aliigiza yaya aitwaye Mammy katika filamu ya Gone with the Wind. Ilipozinduliwa mjini Atlanta mwezi wa Desemba, Hattie hakuwepo, maana sheria za jimbo la Georgia ziliwatenga weusi na weupe. Tarehe 29 Februari 1940 akawa mtu mweusi wa kwanza kutuzwa Oscar, kama mwigizaji bora msaidizi wa kike. Hata usiku huo wa sherehe aliketishwa kwenye meza ya kando, mbali na wenzake wa filamu hiyo. Jamani, heshima gani hiyo ya kupewa kwa mkono mmoja na kunyang'anywa kwa mwingine?

Wako waliomkosoa kwa kuigiza watumishi, akiwemo Walter White, kiongozi wa NAACP, chama cha kutetea haki za watu weusi wa Marekani. Hata sisi tulipomjadili chamani, wengine walisema ati aliwaaibisha weusi. Sikatai, filamu yenyewe ina kasoro kubwa. Inaonyesha utumwa kama maisha matamu. Huo ni uongo mtupu. Lakini je, uongo huo aliuandika Hattie? La hasha! Alipita mlango mmoja tu uliokuwa wazi. Tena nje ya filamu hakuwa mtu wa kuinamisha kichwa. Mwaka 1945, wakazi weupe walipomshtaki yeye na majirani zake weusi ili wafukuzwe mtaa wa Sugar Hill, Los Angeles, walisimama kortini wakashinda.

Jambo hili linanigusa kwa sababu mama yangu hufua nguo za watu, na karo yangu hutoka kwenye karai hilo. Mtu akiniambia kuigiza yaya ni aibu, namuuliza: aibu ni ya anayefanya kazi au ya anayeidharau?

Tena tujitazame sisi wenyewe. Katika michezo yetu yaya hana hata jina. Anaingia, anachekwa kwa lafudhi yake, anavunja sahani, anatoka. Wote tunagombania kuwa daktari na wakili, na atakayebaki ndiye anasukumiwa leso na ufagio. Halafu tunailaumu Hollywood! Kweli, nyani haoni kundule.

Maoni yangu ni haya. Mwakani tukiandika mchezo, yaya apewe jina, apewe kwao, na aseme jambo la maana kabla ya kutoka jukwaani. Na nafasi hiyo apewe mwigizaji hodari, si yule aliyekosa nyingine. Aidha, siku ya zawadi tusiwasahau wahusika wadogo, kwa maana kidole kimoja hakivunji chawa.

Hattie alifariki tarehe 26 Oktoba 1952. Alitaka azikwe katika makaburi ya Hollywood, wakamkataa kwa rangi yake, akazikwa kwingine. Waliomnyima kaburi ndio wa kulaumiwa, pamoja na waliomnyima nafasi nyingine za kuigiza. Yeye alifanya kazi aliyopewa, na aliifanya vizuri kuliko wote. Mwenye la kunipinga, karibu chamani tujadiliane.